Sindano Kwenye Joho la Meya

Brashi hakuwa mtu wa kuomba radhi, na hilo alilisema mwenyewe bila kuulizwa. Kazi yake ilikuwa kufufua picha za kale zilizochorwa kwa mkono. Picha ilikuja imemezwa na vumbi, moshi na vinyesi vya nzi, naye akaikalia na pamba na dawa zake mpaka marehemu akaanza kung'aa mashavu upya. Miaka ishirini na miwili alikuwa kwenye kazi hiyo, na akikwambia rangi hii ni ya mchoraji wa kwanza na ile iliongezwa na mtu mwingine baadaye, umeambiwa, nenda nyumbani. "Jicho langu halijawahi kunidanganya," ndivyo alivyozoea kusema, na ukimtazama alivyosimama, mikono kiunoni, miwani juu ya paji la uso, unaamini tu. Shangazi yake ndiye aliyempa jina la Brashi alipokuwa mtoto wa kuchora kuta za watu kwa mkaa, na jina likamganda.

Basi mwaka huo jumba la picha la mji likampa kazi ya kumtoa mtu udenda. Ukumbini kulikuwa na picha sita za wakubwa wa zamani, kila mmoja kakaa kitini kana kwamba dunia aliachiwa urithi na mama yake. Brashi alitakiwa kuchora picha mpya sita za kutundikwa ukuta wa pili, zitazamane na zile. Mkao uwe ule ule, kiti kile kile, ila anayekaa awe mtu wa leo. Sharti lilikuwa moja, na alilitunga mwenyewe: huyo wa leo awe na uhusiano wa kweli na picha ya zamani, uhusiano wa kuonyeshwa kwa kidole, si wa kusimuliwa tu.

Tano alikwisha kuzimaliza, na zilikuwa moto. Mahali pa mke wa tajiri wa pamba alimkalisha muuguzi aliyepanga katika nyumba ile ile ya tajiri, ambayo siku hizi imekatwa vyumba kumi na vinne na bomba ni moja. Mahali pa jaji mwenye ndevu alimkalisha mwanamke ambaye bibi yake alifungwa na jaji yule yule. Mwanamke alikaa, akamkazia macho jaji wa ukutani, hakupepesa mpaka kazi ikaisha. Hata mlinzi wa ukumbi alikiri kwamba sasa anaogopa kupita katikati yao.

Ya sita ndiyo iliyoleta kasheshe. Ilikuwa ya Meya wa Kwanza, picha kubwa kuliko zote: joho jeusi, mkono mmoja juu ya mkono wa kiti, mwingine umeshika karatasi iliyokunjwa, uso wa mtu ambaye ameshaamua. Na ndani ya kamati ya jumba alikuwemo mjukuu wa meya huyo, wakili, mtu wa suti na manukato.

"Mtu wa leo mwenye uhusiano mnamtafuta wapi?" alisema kwenye kikao. "Si niko hapa? Damu yake hii. Na pua je? Tazameni pua."

Jamani, pua ilikuwa ile ile kweli.

"Nikikuchora wewe nitakuwa nimemchora yeye mara ya pili," Brashi akamjibu. "Watu wapande ngazi zote zile kuja kulinganisha pua mbili?"

Wajumbe wakainamisha vichwa kuficha kicheko. Mwenyekiti wa kamati, mwalimu mstaafu ambaye mpaka leo hugonga meza kwa penseli, akagonga. "Una mtu mwingine?"

"Ninaye," alisema Brashi, naye hakuwa na hata kivuli cha mtu.

"Basi Alhamisi saa nne asubuhi tumwone, pamoja na ushahidi wa uhusiano wake. Ukimkosa, atakaa mjukuu. Na joho lishonwe, maana litahitajika vyovyote vile."

Kwa habari ya joho, Brashi hakuwa na haja ya kuwaza. Siku ile ile alikwenda kwa shangazi yake, fundi cherehani, mwenye umri wa miaka sabini na miwili na macho ya kutunga uzi bila miwani. Duka lake lilikuwa chumba kimoja chenye dirisha kubwa, meza ya kukatia, cherehani mbili na mkasi ambao ukiugusa bila ruhusa utajuta kuzaliwa. Shangazi alikuwa kavaa gauni lake la kazini, futi shingoni, na kwenye ukosi upande wa kushoto sindano imechomekwa na uzi wake mwekundu unaning'inia. Ndivyo alivyokuwa siku zote. Brashi alikuwa ameiona sindano hiyo maisha yake yote, hata haikuwa kitu tena machoni pake.

Sasa, huyu shangazi alikuwa na kisa chake. Zamani kila ukoo ulipokutana, chai ikimiminwa tu, alianza: "Baba yangu yumo ndani ya ile picha ya meya. Mimi nilikuwa na miaka tisa, nilikuwa nampelekea chakula..." Hapo hapo mtu angedakia, "Haya, ameanza!" Mkorofi kuliko wote alikuwa mdogo wake, baba yake Brashi. Alikuwa akiinuka, anatunisha mashavu, anakaa kitini kimeya na sahani kichwani, watoto wanagaagaa kwa kucheka. Shangazi naye alicheka, akaendelea kumimina chai, na kisa kikaishia pale pale kwenye chakula. Sijui ni mara ngapi alikianza, lakini hakuna aliyewahi kusikia mwisho wake. Halafu miaka kama mitano iliyopita akaacha kabisa kukitaja. Hakuna aliyemuuliza kulikoni. Brashi mwenyewe alishukuru kimoyomoyo kwamba porojo zimepungua.

Alitandaza kwenye meza ya kukatia picha kubwa ya karatasi iliyopigwa kutoka kwenye mchoro ule. "Shangazi, nataka joho kama hili. Mpaka Alhamisi."

Shangazi akaitazama, akavuta pumzi, akaitazama tena. "Kwa vipimo vya nani?"

"Vya mjukuu wa meya, labda Mungu anisaidie."

"Nikushonee kama lilivyo hapa au kama linavyotakiwa kuwa?"

"Si ni kitu kimoja?"

"Lo, mwanangu! Na wewe ndiye wa kusema una jicho?" Shangazi akaokota chaki, akaigusisha kwenye picha. "Ona kifungo hiki cha tatu kinavyolia. Kifua kimejaa mpaka kitambaa kimekunjamana. Ona mkono wa joho, umeishia wapi? Juu ya kifundo! Joho la meya, la kuapishwa mbele ya mji mzima, litoke kwa baba yangu na mkono mfupi namna hii? Baba angekufa kwa aibu. Joho hili alilishona yeye, na lilimkaa meya sawasawa. Hapa halijakaa sawa kwa sababu aliyelivaa si meya."

Brashi alifungua mdomo aseme "haya, ameanza". Maneno yalikuwa yamefika kwenye meno. Lakini kifungo cha tatu kilikuwa kinalia kweli, alikiona kwa macho yake, na ndilo jambo ambalo jicho lake la miaka ishirini na miwili halikuwa limeliona. Akavuta kigoda, akakaa. "Niambie, Shangazi. Ulikuwa unampelekea chakula."

Shangazi akamtazama kama mtu anayekagua noti. Alipoona mpwa wake hacheki, akasema. Meya hakuwa mtu wa kutulia. Alimpa mchoraji nusu saa ya kuchora uso, akaondoka zake. Mwili, joho na mikono, mchoraji alihitaji siku kumi na moja, na mtu wa kukaa kimya siku kumi na moja alikuwa fundi, amezoea kukaa. Wakamwita aliyelishona joho, akalivaa, akakaa kwenye kile kiti katika chumba cha nyuma cha ofisi ya meya. Binti yake akawa anampelekea chakula cha mchana, anakaa chini sakafuni, anatazama babaye akitokea kitambaani kidogo kidogo chini ya kichwa cha mtu mwingine.

"Mikono ile ni yake. Ona sugu hii ya mkasi chini ya kidole gumba." Akanyoosha mkono wake mwenyewe, na sugu yake ilikuwa pale pale. "Na ilikuwepo sindano. Hapa, ukosi wa kushoto, na uzi mwekundu. Niliiona ikichorwa."

"Sindano," Brashi akarudia.

"Ndiyo. Lakini haipo." Shangazi akaanza kuikunja ile picha taratibu. "Mlipofungua ukumbi upya, miaka mitano hii, nilikwenda. Nilivaa viatu vyangu vya ngozi. Nilisimama mbele yake mpaka mlinzi akanihurumia akaniletea kiti. Nikatafuta sindano, hamna. Peusi tii. Nikajiambia, basi, mama, ulikuwa na miaka tisa, mtoto huota mchana akidhani ameona. Kumbe wenzako walikuwa na haki ya kukucheka. Nikarudi nyumbani, nikanyamaza."

Brashi akainuka kwenye kigoda. Kabla ya ukumbi kufunguliwa, aliyeisafisha picha ile ni yeye. Alisema tu, "Alhamisi nitakupitia saa tatu. Vaa hivyo hivyo viatu vya ngozi," akatoka akiwa amesahau hata kuaga.

Kwenye karakana yake alikuwa na daftari la kila picha aliyowahi kuigusa. Akalivuta la mwaka ule, akafunua, na mwandiko wake mwenyewe ukamkodolea macho: *Ukosi wa kushoto. Mkwaruzo mwembamba, mweupe, urefu wa ukucha. Doa jekundu chini yake. Umefunikwa kwa nyeusi.* Akakaa chini. Watu wengine wangeona mstari ule wangejiuliza ni nini. Yeye hakujiuliza, kwa sababu jicho lake halijawahi kumdanganya. Alikuwa ameona sindano kila siku kwenye kifua cha shangazi yake, akaiona kwenye kifua cha babu yake akaiita mkwaruzo. Aliona aibu, aibu ya moto mpaka masikioni.

Angeweza kufyata ulimi. Nani angejua? Mjukuu angekaa, kazi ingeisha, jina lake lingebaki safi. Lakini tusimsingizie, wazo hilo halikukaa naye hata robo saa. Kilichomkereketa ni kile kiti cha mlinzi, na mama mzima wa watu kukaa hapo akijishuku akili.

Alhamisi saa nne picha ya meya ilikuwa imeshushwa, imesimamishwa kwenye egemeo katikati ya ukumbi. Kamati ilikuwepo, mkurugenzi wa jumba alikuwepo, mjukuu alikuwepo na pua yake. Brashi aliingia na shangazi, akamweka kiti cha mbele. Shangazi alikuwa na mkoba mapajani, viatu vinameta, gauni la kazini na sindano yake, maana alisema hawezi kufunga duka siku nzima kwa ajili ya meya.

"Huyu ndiye atakayekaa," Brashi alisema. "Mwili uliomo kwenye picha hii ni wa baba yake, fundi aliyelishona joho."

Akaeleza kifungo. Akaeleza mkono wa joho. Akaonyesha sugu ya kwenye picha, na shangazi akanyoosha kidole gumba chake kama mtu anayeonyesha hati.

Mjukuu akatabasamu. "Babu alilima kabla ya siasa. Sugu alikuwa nazo. Na alinenepa baada ya kuapishwa, joho likambana. Mama yetu tunamheshimu, lakini hiki ni kisa cha nyumbani."

"Ni kweli, hiyo peke yake haitoshi," Brashi akasema. "Shangazi, waambie kilichokuwa kwenye ukosi."

"Sindano," shangazi akajibu kwa sauti ndogo. "Na uzi mwekundu. Lakini siku hizi haipo."

Mjukuu akakunjua mikono, kama kusema mmesikia wenyewe.

Brashi akafungua daftari, akausoma ule mstari wote, neno kwa neno, pamoja na tarehe na jina lake.

"Unatuambia uliharibu picha ya Meya wa Kwanza?" Mkurugenzi alikuwa amesimama.

"Nawaambia nilikosea. Lakini sijaharibu, na hapa naomba mnisikilize. Rangi ya mtu wa kazi yangu ni ya kuazima. Ukishasafisha picha unaipaka vanishi kwanza, kisha kiraka chako unakiweka juu ya vanishi, kwa rangi inayokubali kutoka. Ya mchoraji mwenyewe iko chini, haijaguswa. Nikipitisha pamba hapa, kitatoka changu tu." Akavaa miwani sawasawa. "Chini yake kukiwa na mkwaruzo, mjukuu akae hata leo, na kazi hii mnipokonye yote, na hizo tano pia mzishushe ukutani. Mwenyekiti?"

Mwenyekiti akamtazama, akamtazama shangazi. Penseli haikugonga. "Pitisha."

Brashi akazungushia pamba kwenye kijiti, akaichovya, akaikamua. Mkono ulijua kazi yake. Akagusa ukosi, akazungusha kidogo kidogo, hasugui, anazungusha tu. Pamba ikatoka nyeusi. Akachukua nyingine. Shangazi alikuwa amefumba macho na kuukumbatia mkoba.

Kwenye pamba ya tatu ukatokea mstari, mweupe kama wa fedha. Mjukuu akasogea. "Mkwaruzo," akasema.

"Subiri."

Pamba ya nne. Ncha ya juu ya mstari ikapanuka kidogo, na ndani yake kukawa na nukta nyeusi, ndogo kuliko punje ya mtama. Kutoka kwenye ile nukta ukaanza kushuka uzi, mwekundu wa damu, ukajikunja mara moja, ukaning'inia juu ya kifua kipana.

"Mkwaruzo hauna tundu," Brashi alisema.

Mwenyekiti alikuwa ameinuka, anaitazama picha, kisha anageuka kuutazama ukosi wa gauni la shangazi, kisha picha tena. Wengine nao wakageuka mmoja mmoja, mpaka kamati nzima ikawa inamkodolea mama wa watu kifuani.

"Fumbua macho, Shangazi," Brashi akasema.

Shangazi akafumbua. Alitazama kwa muda mrefu. Machozi yalimtoka bila sauti na hakujisumbua kuyafuta. "Ni yeye," akasema. "Sikuota."

Na hapo Brashi, yule asiyeomba radhi, akapiga magoti sakafuni mbele ya wajumbe, mkurugenzi na mlinzi. "Aliyemfunika babu ni mimi. Kwa mkono wangu huu. Nikakufanya ujione umechanganyikiwa, na miaka yote kabla ya hapo nilicheka pamoja na wenzangu. Nisamehe, Shangazi."

"Inuka, utachafua suruali," shangazi akasema, akimshika kichwa kwa mikono miwili. "Nimekusamehe. Inuka."

Mjukuu alikuwa bado ameinamia picha. Ghafla akaanza kucheka, na kilikuwa kicheko cha kweli, hakikuwa cha mahakamani. "Bibi alikuwa akisema huyu mzee hata chakula alikuwa anakula amesimama. Siku kumi na moja kitini? Thubutu!" Akanyoosha mkono kwa shangazi. "Mama, uso ni wetu. Kuanzia shingo kushuka chini, chukueni. Kiti ni chako."

Shangazi alishona joho kwa vipimo vyake mwenyewe, na mikono ikafika inapotakiwa kufika. Siku ya kwanza ya kukaa, kabla hajaketi, alichomoa sindano kwenye gauni akaichomeka kwenye ukosi wa joho, upande wa kushoto, bila hata kutazama. Brashi kwa kawaida huanza na uso. Safari hii alianza na sindano.

Picha zilipofunguliwa kwa watu, alasiri ya Jumamosi, ukoo mzima ulijaa ukumbini. Chini ya picha ya zamani kulikuwa na kibao kipya: *Uso: Meya wa Kwanza. Mwili na mikono: fundi aliyelishona joho.* Chai ilikuwa imemiminwa. Shangazi alisimama kati ya picha mbili, kikombe mkononi, akakohoa kidogo.

"Baba yangu yumo ndani ya ile picha," akaanza. "Mimi nilikuwa na miaka tisa, nilikuwa nampelekea chakula..."

Akanyamaza mwenyewe, kwa mazoea, akingoja kukatizwa. Mdogo wake, baba yake Brashi, mzee wa miaka sitini na minane sasa, alikuwa amekaa mbele kabisa. Hakutunisha mashavu.

"Halafu?" akauliza. "Halafu ikawaje, dada?"

"Halafu siku ya mwisho," shangazi akasema, "baba akajiona kwenye picha na sindano yake kifuani. Alikuwa ameichomeka pale kwa mazoea alipolivaa joho, akaisahau. Akashtuka, akataka kuichomoa, akamwomba yule mchoraji aifute, meya asije akakasirika. Mchoraji akamshika mkono. Akamwambia, iache. Mimi nimeandika jina langu pale chini, na wewe hili ndilo jina lako."

Brashi alikuwa amesimama nyuma, mgongo ukutani. Hakuwa amelisikia hilo hata yeye. Alilia waziwazi, miwani juu ya paji la uso, na hakujali nani anamwona.

"Halafu?" mtoto mmoja akauliza.

"Halafu akala chakula chake," shangazi akasema, "akanirudisha nyumbani, tukashona."